Kutafsiri wimbo uimbike: mwongozo kutoka benchi la nyuma la kwaya

"Kumaliza mwendo." Maneno mawili, silabi sita, maana sahihi kabisa ya mstari niliopewa. Niliyaandika usiku nikiwa nimeridhika, nikayapeleka mazoezini Mwananyamala Alhamisi jioni, mwalimu akapiga kinanda, sauti ya kwanza wakaanza. Kumbe tuni ile inavuta pumzi baada ya silabi ya pili. Jaribu mwenyewe, kimoyomoyo tafadhali: imba silabi mbili za mwanzo, nyamaza, hesabu moja, mbili, halafu malizia. Besi waliangua kicheko. Akina mama wa alto wakaangalia sakafu. Mwalimu akafunga kinanda akaniambia taratibu, "Kaka, hii Jumapili hatuimbi."

Nilibadilisha palepale ikawa "kufikia mwisho". Silabi zilezile sita, pumzi ileile, na hata ukikata katikati hakuna anayeshtuka. Tangu siku hiyo sikabidhi tafsiri ya wimbo ambayo sijaiimba kwa sauti, nimesimama, kama atakavyoimba mwenye kuipokea.

Haya ninayoyaandika ni kwa ajili ya mtu anayetaka kuleta wimbo wa lugha nyingine kwenye Kiswahili: wa kwaya, wa harusi, wa bendi, wa studio. Nimeyapanga kwa hatua, ila zingine ni ndefu na zingine ni za kupita tu, maana ndivyo kazi yenyewe ilivyo.

Hatua ya 1: Uliza tafsiri itakaa wapi

Swali hili uulize kabla hujakubali hela. Anayekuambia "nitafsirie huu wimbo" anaweza kuwa anamaanisha mambo matatu tofauti kabisa.

La kwanza, anataka kujua wimbo unasema nini. Huyo mwandikie maana kwa sentensi za kawaida, na usihangaike na mizani wala vina.

La pili, anataka maandishi ya chini ya video. Hapo adui yako ni muda. Watengenezaji wengi hawavuki mistari miwili ya herufi 42 kila mmoja, na maneno ya Kiswahili ni marefu, kwa hiyo utapunguza mno. Mwimbaji akirudia kiitikio mara nne, maandishi yaweke mara moja au mbili uwaachie watazamaji waangalie picha.

La tatu, anataka kuimba. Hii ndiyo kazi ngumu kuliko zote, na sehemu kubwa ya mwongozo huu inaihusu. Bei yake nayo haifanani na ya zile mbili. Ukikosea kuuliza utafanya kazi ya siku tano kwa malipo ya jioni moja. Yamenikuta.

Kuna na njia ya nne, ambayo mji huu unaijua vizuri: kuuchukua muziki na kuyaacha maneno. Remmy Ongala alizaliwa Kongo, akaja Dar mwaka 1978, akapiga magitaa ya kwao huku akitunga kwa Kiswahili mambo ya watu wa hapa. Nyuma yake kabisa kuna Siti binti Saad wa Unguja, aliyeimba kwa Kiswahili taarabu ambayo mabwana wa mjini walizoea kuisikia kwa Kiarabu, na mwaka 1928 akaenda Bombay kurekodi santuri. Kama wimbo unaoletewa umebebwa na mdundo zaidi ya maneno, mshauri mteja wako atunge upya. Utapoteza kazi ya tafsiri, labda utapata ya utunzi.

Hatua ya 2: Ruhusa

Fupi tu. Haki ya kutafsiri wimbo ni ya mwenye wimbo, na mwenye wimbo mara nyingi siye anayeonekana kwenye video. Tafuta mtunzi wa maneno na mtunzi wa tuni; wanaweza kuwa watu wawili. Tanzania imo kwenye Mkataba wa Berne, ule wa kimataifa wa hakimiliki, ambao muda wake wa chini wa kulinda kazi ni uhai wa mtunzi na miaka 50 baada ya kufa kwake. Kwa hiyo tenzi za karne ya 19 uko huru nazo, ila tafsiri yake ya Kiswahili iliyofanywa juzi inaweza kuwa na mwenyewe. Ukikwama, COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, ndiko kwa kuuliza. Barua ya kuomba ruhusa iandikwe kabla ya kuingia studio, siyo baada ya wimbo kupigwa redioni.

Hatua ya 3: Pata maneno yenyewe, halafu yapasue moja moja

Maneno ya nyimbo yaliyotapakaa mtandaoni mengi yameandikwa na watu waliosikiliza kwa sikio moja. Yachukue kama mwanzo tu. Keti na wimbo, rudisha nyuma, sikiliza, sahihisha. Kisha chini ya kila neno la lugha ya asili andika maana yake, neno kwa neno, hata kama sentensi inayotokea ni mbovu. Karatasi hiyo hataiona mtu mwingine.

Hapa Dar nyimbo za Kilingala ndizo zinazotudanganya kuliko zote, kwa sababu tumekua nazo. Tumezicheza Kinondoni na Sinza, tunaimba kiitikio chote kwa kujiamini, na maana hatuijui. Kijana mmoja aliniletea wimbo akitaka uimbwe kwa Kiswahili kwenye harusi ya dada yake. Tuni tamu, sebene inakuinua kwenye kiti. Nilipoanza kupasua maneno nikakuta "mawa", ambalo ni huzuni, halafu "liwa", ambalo ni kifo. Mwanamke anamlilia aliyemwacha na watoto. Tulichagua wimbo mwingine.

Kilingala na Kiswahili ni ndugu, na undugu huo ndio mtego. "Motema" unaweza kuubahatisha kuwa moyo, hasa kama umewahi kusoma "mtima" kwenye mashairi ya kale. Lakini chukua neno "moto". Kwa Kilingala linaweza kuwa mtu. Sauti ikipandishwa mwishoni linakuwa kichwa. Na kuna lingine, la irabu zilizo wazi zaidi, ambalo ndilo moto wenyewe, ule wa kuunguza. Katika maandishi ya mtandaoni yote matatu huandikwa sawasawa. Mimi niliwahi kuandika "moto unaniwaka" mahali ambapo mwimbaji alikuwa anasema habari za mtu fulani. Aliyeniokoa ni mzee mmoja wa Kikongo mwenye kibanda cha ushonaji Ilala. Nikamwamkia, "Shikamoo Papaa," akaitikia, akavaa miwani, akasoma mstari wangu, akacheka mpaka akaishikilia cherehani. "Mwanangu, huyu haungui. Huyu anamtafuta mtu."

Jingine ni kitenzi "kolinga". Kinabeba kupenda na kutaka kwa pamoja: anayekwambia "nalingi yo" anakupenda, na anayesema "nalingi mai" anataka maji. Kiswahili kinakulazimisha uchague, na kwenye wimbo wa mapenzi tofauti ya "nakupenda" na "nakutaka" ni kubwa. Ya pili, kwa mji huu, mama mkwe hatakiwi kuisikia.

Halafu kuna "mabanga", yale majina ya watu yanayotajwa katikati ya wimbo. Wengi wao ni matajiri na marafiki waliomtupia mwanamuziki chochote ili watajwe. Usiyatafsiri, na usihangaike kutafuta hao ni nani. Kwenye maandishi ya video yaruke. Kwenye toleo la kuimbwa, mwenye bendi ataweka ya kwake, na ninakuhakikishia hatasahau.

Kwa lugha yoyote, mtafute mtu aliyeizungumza akiwa mtoto. Programu za simu zinasaidia kupata maana ya juu juu, ila hazijui kwamba neno fulani ni la msibani.

Hatua ya 4: Tafuta msumari

Kila wimbo umetundikwa kwenye kitu kimoja: taswira, swali, jina, laana. Huo ndio msumari. Uandike juu ya karatasi yako kwa sentensi moja. Vingine vyote vinaweza kuhamishwa, kupunguzwa au kutupwa, huo haung'oki.

Mfano mzuri tunao vinywani tangu darasa la kwanza. Enoch Sontonga, mwalimu wa shule ya misheni karibu na Johannesburg, alitunga wimbo wake kwa Kixhosa mwaka 1897. Mstari wa pili unaomba pembe ya Afrika iinuliwe. Angalia tunachoimba sisi mahali hapohapo: "wabariki viongozi wake." Pembe imeondoka. Kisha zikaingia hekima, umoja na amani, na zikaitwa ngao, ngao ambazo Sontonga hakuziweka. Msumari, yaani "Mungu ibariki Afrika", umebaki palepale.

Kwa nini pembe isibaki? Siwezi kusema walioandika waliwaza nini, lakini ningekuwa mimi ningeiondoa pia. Kwa mfugaji wa Kixhosa, na kwa msomaji wa Zaburi, pembe iliyoinuka ni nguvu na heshima. Kwa Mswahili, mtu aliyeota mapembe ni mwenye kiburi. Ungelazimika kusimama kabla ya kila sherehe ya taifa uwaeleze watu kwamba ni pembe nzuri.

Mtihani huohuo utaukuta kwenye hali ya hewa. Nyimbo za Ulaya zimejaa jua la mapenzi, moto wa moyo, mikono yenye joto. Zimetungwa na watu wanaotetemeka nusu ya mwaka. Mwambie mtu wa Mbagala mwezi wa pili, kwenye foleni ya mwendokasi, kwamba mpenzi wake ni kama joto. Kiswahili raha yake iko kwenye ubaridi: burudani, kuburudika, kuburudisha moyo, maneno yaliyo kwenye ukoo mmoja na "baridi". Basi "umeupasha moyo wangu joto" geuza iwe "umeniburudisha moyo". Hujaibadili maana hata kidogo, umeihamishia upande ambao sisi tunaisikia. Theluji nayo, kama siyo msumari, itoe. Umande unafanya kazi nzuri.

Hatua ya 5: Hesabu noti, kisha tafuta noti nzito

Hapa ndipo wengi wanapoanguka, na ndipo nitakapokaa muda mrefu.

Piga wimbo, ufuatishe kwa "la la la", na kwa kila "la" weka alama ya nukta. Mstari wenye "la" nane uwe na nukta nane. Kisha piga mguu chini. Nukta zinazoangukia mguu zipigie mstari. Hizo ndizo noti nzito. Sasa una mifupa ya wimbo bila nyama.

Silabi za Kiswahili ni rahisi kuhesabu kwa sababu karibu zote huishia na irabu, ila kumbuka m na n zinazosimama zenyewe. "Mtu" ni silabi mbili, "nchi" ni mbili, "mbwa" ni mbili, lakini "mbuzi" nayo ni mbili, siyo tatu. Mshairi wa zamani anafanya hesabu hii usingizini. Sisi wengine tutumie vidole.

Kuhesabu peke yake hakutoshi. Mkazo wa Kiswahili uko kwenye silabi ya pili kutoka mwisho: "mpenzi" unakazwa PE, "nakupenda" unakazwa PE. Ni wachache wanaotoroka, kama "lazima" anayekazwa mwanzoni. Kiingereza kina maneno tele ya silabi moja, na mistari yake mingi huishia kwenye noti nzito. Yaani noti ya mwisho ya mstari ni nzito, na silabi ya mwisho ya neno letu ni nyepesi. Huo ndio ugomvi mkubwa katika kazi hii, na ukishauona utauona kila mahali.

Tuutazame kwa karibu. Edward Mote, fundi wa makabati wa London aliyekuja kuwa mchungaji, aliandika mwaka 1834 utenzi unaoanza "My hope is built on nothing less". Tuni yake maarufu ni ya Mmarekani William Bradbury, ya mwaka 1863. Silabi nane, na noti nzito ni ya pili, ya nne, ya sita na ya nane. Kiswahili chake sote tunakijua:

Cha kutumaini sina,
ila damu yake Bwana.

Nane kwa nane, kama kipande cha shairi letu, na vina vimekaa. Aliyeitafsiri alijua mizani. Sasa soma mstari wa pili kama unazungumza: I-la DA-mu YA-ke BWA-na. Mkazo uko kwenye silabi ya kwanza, ya tatu, ya tano, ya saba. Uimbe sasa kwa tuni: i-LA da-MU ya-KE bwa-NA. Mkazo wa mdomo na uzito wa noti vinapishana mstari mzima, kama watu wawili wanaotafutana kwenye soko la Kariakoo.

Mbona basi tunauimba tangu enzi za babu na hatuoni shida? Kwa sababu tuni inakwenda pole, umati ni mkubwa, kila noti inapewa muda wake, na tumeuzoea tangu mgongoni kwa mama. Siugusi. Lakini ukiweka tafsiri ya namna hiyo juu ya biti ya haraka, mwimbaji atasikika kama mgeni aliyejifunza Kiswahili kwa wiki mbili.

Dawa ninazotumia ni hizi.

Kupasua noti ya mwisho. Noti nzito ya mwisho igawe vipande viwili: sehemu kubwa ipewe silabi yenye mkazo, na mkia mfupi upewe ile ya mwisho. Maana yake mstari wa noti nane unabeba silabi tisa. Kwa mazoezi tu, bila kuusahihisha utenzi: "Na sina cha kutumaini, ila ni damu yake Bwana." Hesabu. Silabi tisa na tisa, SI imeangukia noti ya pili na I ya "kutumaini" imeangukia ya nane. Chini yake DA, YA na BWA zimekaa kwenye ya nne, ya sita na ya nane. Imba utasikia mdomo na tuni vimepatana. Mwombe mwenye tuni ruhusa ya kupasua; wengi wanakubali, kwa sababu sikio la msikilizaji halioni tuni imebadilika.

Kuongeza silabi ndogo mwanzoni. "Na", "ni", "ee", "kwa": moja tu ya hizi ikitangulia, mstari mzima unasogea hatua moja na mikazo inaangukia mahali pake. Ndivyo hiyo "na" ilivyofanya hapo juu. Usizidishe, mistari mitatu mfululizo inayoanza na "na" inachosha.

Kumalizia na neno la silabi moja. Hatuna mengi, ila tuliyonayo ni dhahabu. "Tu" ndiye mfalme: "wewe tu", "leo tu", "kwako tu". Halafu kuna hazina ambayo wafasiri huisahau, tanakali za sauti: kimya jii, nyeupe pee, nyeusi tii, imefungwa ndi, ameanguka pu. Kila moja inapiga kwenye noti nzito ya mwisho kama nyundo. Nimewahi kuuokoa ubeti mzima wa usiku na upweke kwa "kimya jii".

Kuvuta na kufupisha. Kiswahili ni mpira. "Ninakupenda" ina silabi tano, "nakupenda" nne. "Mama yangu" ni nne, "mamangu" tatu. "Mtoto wako" ni tano, "mwanao" tatu. "Unanipenda" ni tano, na washairi wanaokoa moja kwa "wanipenda". Hiyo ya mwisho iangalie: inaweza kusikika kama wapenzi ni wengi, na ukajikuta umegeuza wimbo wa ndoa kuwa kitu kingine.

Na kama vyote vimeshindikana, tupa. Kwenye kiitikio cha utenzi huohuo, Mote anaweka mwamba upande mmoja na mchanga unaodidimia upande wa pili, na mchanga unarudiwa. Kiswahili kimeuacha mchanga kabisa, kikarudia "ndiye mwamba ni salama". Nafasi haikutosha kwa vyote viwili, na aliyechagua alichagua msumari.

Hatua ya 6: Irabu za juu

Mpe mwimbaji irabu iliyo wazi pale anapopanda. Sauti ya kwanza akiwa juu kabisa na umempa "i" au "u" ya kuvuta, koo linabana. "A" inafungua mdomo, "o" na "e" zinavumilika. Ndiyo maana kwenye noti ndefu ya juu napendelea "mahaba" kuliko "upendo", kama maana inaruhusu, kanisani hairuhusu. Usijadiliane na mwimbaji kuhusu jambo hili. Koo ni lake.

Hatua ya 7: Vina, kwa kiasi

Vitenzi vyetu vingi huishia na "a", kwa hiyo kina cha irabu tupu ni cha bure na hakimshangazi mtu. Kina cha kweli ni silabi nzima: "kutosha" na "kuziosha". Lakini usiiuze maana ili ununue kina. Peter Low, msomi wa New Zealand aliyeandika sana kuhusu kazi hii, anaifananisha na mwanariadha wa michezo mitano: kuimbika, maana, uasilia wa lugha, mdundo na vina. Anayeshinda ni mwenye jumla nzuri, hata kama mchezo mmoja alifika wa nne. Mimi nikilazimika kufika wa nne popote, nachagua iwe kwenye vina. Mashabiki wa taarabu watanipinga, na kwa taarabu wana haki.

Hatua ya 8: Nani anamwambia nani

Kiswahili hakitofautishi yeye wa kike na yeye wa kiume. Kwenye Kihindi kitenzi chenyewe kinafichua jinsia ya anayesema. Kwetu "nimekungoja" inaweza kuimbwa na yeyote. Mara nyingi ni neema: wimbo wa mwanamke unaweza kuimbwa na mwanamume bila kubadili neno. Ila kama kisa kinategemea kujua nani ni nani, itabidi upenyeze "bwana", "bibie", "dada" au "kaka" mahali.

Heshima nayo ihamishwe. Mtoto wa nyimbo za Marekani anaweza kumwambia mama yake "wewe" mwanzo mpaka mwisho. Kwetu weka "mama" kila panapopatikana silabi mbili za bure, la sivyo watu watasikia mtoto mkorofi. Majina ya kubembelezana yana umri pia: "laazizi" na "muhibu" ni za taarabu na wazee wa pwani, "mpenzi" haina umri, na "beibi" ni ya studio za vijana. Usiyachanganye kwenye ubeti mmoja.

Ukienda upande wa pili, kutoa mipasho yetu kuipeleka lugha ya kigeni, usijaribu kuyafasiri mafumbo yaimbike na yaeleweke kwa wakati mmoja. Chagua. Mstari wa kumkata jirani maini ukiufafanua haumkati tena mtu yeyote. Mimi huacha fumbo lilivyo na kuweka sentensi moja ya maelezo pembeni, kama jina la kanga linavyohitaji kuambiwa lilivaliwa na nani, mbele ya nani.

Hatua ya 9: Jaribio la mdomo

Jirekodi kwenye simu ukiimba wimbo wote, siyo mstari mmoja. Sauti mbaya siyo kisingizio, ya kwangu inafukuza kuku. Kisha fanya mambo mawili.

Kwanza, weka alama ya mkwaju kila mahali unapovuta pumzi, na usome kipande kinachobaki kabla ya kila mkwaju kama neno linalojitegemea. Kisa cha "kumaliza" unakijua. Kuna na maneno mengine mengi ya kawaida ambayo nusu yake ya kwanza haifai mbele ya wazazi.

Pili, mpe mtu ambaye hajaona karatasi yako asikilize, aandike anachosikia. Mimi namtumia binti wa jirani, wa darasa la sita, kwa malipo ya soda. Alichoandika tofauti na ulichoandika, hapo pana kosa, na kosa ni lako. Safari moja nilikuwa na mstari wa "barabara", njia ya kwenda nyumbani. Tuni iliukaza kwenye RA ya kwanza badala ya BA, naye akauliza, "Anko, ni barabara ya magari au barabara ya kwamba ni sawasawa?" Nikafuta, nikaandika "njia".

Hatua ya 10: Kukabidhi

Andika juu ya karatasi jina la mtunzi wa maneno, la mtunzi wa tuni, la kwako kama mfasiri, na tarehe. Panga silabi chini ya noti au chini ya solfa, zikiwa zimetenganishwa kwa vistari, na noti zilizopasuliwa zizungushie duara. Weka nakala yako nyumbani pamoja na ile karatasi mbovu ya neno kwa neno. Siku mtu akikuuliza pembe imekwenda wapi, jibu utalikuta humo.

Halafu nenda mazoezini hata kama hukualikwa. Mwalimu wa kwaya atabadilisha mstari wa tatu usiku wa kuamkia Jumapili kwa sababu mwimbaji wa tenori ameshindwa kuufikia, na hatakupigia simu. Kaa benchi la nyuma, penseli mkononi, na soda ya binti wa jirani usiisahau.